Mkoba Uliofumuliwa Shiling

Mkoba uliuzwa saa nne na robo asubuhi, mbele ya kamera, na aliyefurahi kuliko wote pale sokoni alikuwa mwenye mkoba mwenyewe. Alikuwa nyuma ya mpiga picha wake, akirukaruka kama mtu aliyekanyaga kaa la moto, akisema "Güzel, güzel," ndiyo kwao vizuri, vizuri. Mimi nilikuwa hatua tatu kutoka pale, nimeshika kiatu cha mguu mmoja, najifanya nauliza bei. Niliona kila kitu na sikutambua kitu.

Ilikuwa Novemba 1998, soko la Zhanxi, Guangzhou. Niliishia darasa la nane, lile la zamani ambalo mtihani wake ulikuwa mtihani, kwa hiyo kuandika naweza, na kwa kukumbuka hakuna anayenishinda katika ukoo wetu. Basi nitawaeleza habari za mtu huyo tangu mwanzo.

Jina lake Rustem Tuzcu. Alikuwa Mturuki wa Istanbul, mwongozaji wa tamthilia za televisheni, umri miaka hamsini na kitu, mfupi, masharubu ya kijivu, na koti la ngozi ambalo hakulivua hata jua lilipochoma. Tulikaa hoteli moja karibu na stesheni ya reli. Mimi nilikuwa na duka Mwanjelwa, Mbeya, nikienda China mara mbili kwa mwaka kuchukua viatu na nguo, tangu sisi wa zamani tulipoacha kwenda Bangkok. Yeye alikuja na watu wawili tu: Orhan, mpiga picha, kijeba kimya cha mtu, na Sevil, mwigizaji, mwanamke mzuri wa miaka thelathini aliyevaa miwani ya jua mpaka kwenye lifti.

Asubuhi ya kwanza nilimkuta kwenye chai akinitazama ninavyobishana na mhudumu juu ya yai lililopasuka. Akaja mezani kwangu na Bartholomeo. Bartholomeo ni Mhaya wa Bukoba aliyesomea uhandisi China, akabaki kuwa mkalimani wetu wafanyabiashara. Kichina anakiongea mpaka Wachina wanageuka.

"Mama Kissa," akasema Bartholomeo, "huyu bwana anatafuta watu wa kuonekana sokoni kwenye tamthilia yake. Anasema wewe ndiye anayekutaka."

"Anataka mmoja au anataka soko?"

"Soko."

"Mwambie soko ni mimi. Atapata watu kumi na wawili wanaojua kuomba bei."

Rustem alipotafsiriwa alicheka, akaniita abla, ndiyo kwao dada mkubwa. Tokea hapo sikuitwa jina lingine.

Tamthilia yake ilihusu ukoo mmoja wa wafanyabiashara wa ngozi. Baba wa nyumba alipata aibu ya biashara, akatoroka nchi. Binti yake, ndiye Sevil, akamtafuta kila mahali akiwa amebeba mkoba wa marehemu mama yake. Watu wa Uturuki walikuwa wamemtafuta naye baba huyo kila juma kwa sehemu thelathini na nane. Sasa tatizo: mzee aliyeigiza baba alifariki kweli, katikati ya kazi. Wakubwa wa kituo cha televisheni wakasema, basi binti apokee barua kwamba baba kafia ugenini, tumalize. Rustem akakataa.

"Majuma thelathini na manane wamengoja," aliniambia. "Kuna kikongwe ananiandikia kila Jumatatu kuniuliza kama baba amekula. Huyo nimpe barua?"

Kituo kikampa tiketi tatu na siku sita. Alete Guangzhou mkutano wa baba na mwana, vinginevyo barua itasomwa, na tamthilia ijayo, ambayo alishaahidiwa, atapewa mwongozaji mwingine. Kwa umri wake alijua asipopewa hiyo hatapewa nyingine. Na baba aliyekufa je? Rustem alikuwa na lake. Baba angeonekana mgongo tu, na mgongo ungekuwa wa Rustem mwenyewe ndani ya koti lile. Sauti wangeiweka Istanbul. Binti angeuweka mkoba juu ya meza ya muuzaji, mwanamume aliyewapa watu mgongo angenyoosha mkono kuugusa, naye binti angejua.

Siku tano za kwanza zililiwa na mvua na ofisi za vibali. Ikabaki siku moja, siku ya sita. Saa kumi na moja jioni walitakiwa wawe kwenye garimoshi la Hong Kong, kesho yake alfajiri ndege.

Sasa mrudi nami sokoni. Rustem alikodi meza ya muuza mikoba kwa asubuhi nzima, akauweka ule mkoba mbele kabisa ili Orhan auzoee kwenye kamera. Kwanza walitaka kupiga soko lenyewe: msongamano, mikokoteni, watu wa kila rangi wakibishana. Bartholomeo akapanda juu ya robota la viatu akatutangazia, kwa Kiswahili kwetu, kwa Kichina kwa wauzaji: "Msitazame kamera. Kila mtu afanye biashara kama siku zote."

Tukafanya. Baada ya saa moja Rustem akapiga makofi: sasa mkoba, sasa Sevil. Sevil akavua miwani. Meza ilikuwa na mikoba mia, na ule haukuwepo.

Bartholomeo akamuuliza msichana wa meza. Msichana akajibu neno ambalo mfanyabiashara wa Guangzhou hulisikia mpaka usingizini, "Meiyou," hakuna. Hakuna kwa sababu ameuza. Ameuza kwa sababu aliambiwa afanye biashara kama siku zote. Uso wake ulikuwa mweupe, hana kosa.

Orhan akarudisha kanda nyuma. Tukachungulia mmoja mmoja kwenye kile kitundu cha kamera, na zamu yangu ilipofika niliona mgongo wenye sweta la njano, mkono unapiga meza, msichana anatikisa kichwa, mkono unapiga tena, msichana anakubali, na mkoba unaingia kwapani kama mtoto wa kuku. Haikuhitaji sura.

"Njoki," nikasema.

Njoki ni mtu wa Nairobi, anauza mikoba, na nilimwita mimi mwenyewe ajaze soko la Rustem. Tulikuwa tunapanga chumba kimoja. Kwa hiyo nilijua jambo ambalo kamera haikujua: Njoki akishika sampuli nzuri halali nayo. Anaipeleka siku hiyo hiyo Shiling, mji wa ngozi kule Huadu, anatengenezewa kama ile mia tatu kabla mwenzake hajaiona.

Rustem alikuwa amekaa juu ya robota, mikono kichwani. "Vakit yok," alisema. "Vakit yok, abla." Hilo sikuhitaji kutafsiriwa. Wakati hakuna.

"Inuka," nikamwambia. "Tunakwenda Shiling. Chukua kamera, chukua na huyo mwenye miwani."

Tukakodi gari. Dereva alipoambiwa haraka aliamini neno hilo kuliko tulivyotaka sisi. Na humo garini, Orhan amekumbatia kamera, Sevil amelala mdomo wazi, Bartholomeo mbele na dereva, ndimo Rustem alimonieleza maisha yake. Nadhani alisema ili asilie. Kiingereza chake kilikuwa cha kuokoteza kama changu, na kilipokatika tulishika maneno tuliyogundua ni ya kwao na kwetu: saat ni saa, kitap ni kitabu, haber ni habari, dünya ni dunia. Kwa kamba hiyo tulivuka.

Alizaliwa Gerede, mji wa watu wa ngozi. Baba yake alishona matandiko ya farasi, hatamu, mikanda, kwa sindano mbili na uzi mmoja uliopakwa nta. Sindano moja inatoka huku, nyingine inaingia kule, zinapishana ndani ya tundu moja. Tundu linatobolewa kwa msharasi, ile sindano nene ya fundi viatu. Rustem alijifunza kazi akiwa na miaka saba, lakini kwa mkono wa kushoto.

"Kwenu kushoto ni vibaya?" akaniuliza.

"Ukimpa mtu kitu kwa kushoto anakitazama kwanza."

"Kwetu pia. Baba alinifunga kushoto kwa kamba wakati wa kula. Kula nikajifunza. Kushona, hapana."

Alipokuwa na miaka kumi na minne magari yalishawaondoa farasi. Baba yake akachukua ngozi nzuri ya mwisho aliyobaki nayo akamshonea mkewe mkoba. Upande mmoja akashona mwenyewe, upande wa pili akampa mwanawe. Kijana alishona siku mbili. Baba akautazama, akasema: "Umelalia upande. Huu nitaufumua niushone mwenyewe."

"Maneno hayo tu?"

"Hayo tu. Mwezi ule ule nikapanda lori la magogo kwenda Istanbul kwa mjomba. Sikuaga."

Mjomba alikuwa anakodisha matandiko kwa watu wa sinema. Siku moja Rustem amepeleka matandiko kwenye filamu ya masultani, akakuta kazi imesimama. Sufla hana sauti.

Sufla ni nani? Nilimkatiza kama mnavyonikatiza nyinyi. Akanieleza. Zamani kwao filamu zilipigwa bila sauti, sauti ziliwekwa baadaye chumbani, mara nyingi za watu wengine kabisa. Kwa hiyo mwigizaji hakuwa na haja ya kukariri. Mtu mmoja alikaa chini ya kamera na karatasi, akasoma mstari kwa nguvu, mwigizaji akaufuatisha.

"Kama kanisani," nikasema, "kiongozi anasema, sisi tunaitikia."

"Ndivyo, abla. Mimi nilikuwa padri wa masultani."

Leo wajukuu zangu hapa Mbeya wanatazama tamthilia za Kituruki zinazosema Kiswahili safi, wanadhani Waturuki wamejifunza. Nawaambia, yuko mtu amefichwa mahali anasoma. Hawanijali.

Basi siku ile mwongozaji wa masultani akauliza nani hapa anaweza kusoma kwa sauti kubwa, na kijana wa matandiko akanyoosha mkono. Wa kushoto. Miaka kumi na mmoja akawa sufla. Aliwapa maneno wafalme, wezi, mabibi harusi. Baba yake alikuja Istanbul mara moja, akaingia sinema peke yake, akatoka akamuuliza, "Wewe ulikuwa wapi?" "Nilikuwa chini ya kamera, baba, nasema." "Sikukusikia." Mzee akapanda basi akarudi Gerede, akafa mwaka uliofuata. Mkoba ulibaki kwa mama mpaka naye alipoondoka, ndipo ukamfikia Rustem. Ndio huo ambao Sevil aliubeba katika sehemu thelathini na nane, na Njoki akaubeba kwapani.

Kutoka usufla akawa mbeba vifaa, kisha msaidizi. Kisha sinema zikafa, majumba yakawa kumbi za harusi, akaendesha teksi miaka sita. Alisema uongozaji aliusomea kwenye teksi: abiria anavyofunga mlango unajua amegombana na nani. Miaka ya tisini vituo vipya vya televisheni vikaanza, vikatafuta waliokuwa bado hai, wakampata. Tamthilia ya kwanza ilikatwa kwenye sehemu ya saba. Hii ya ngozi ndiyo watu waliyompendea.

"Na sufla wako yuko wapi sasa?" nikauliza.

Akajionyesha kifua. Tiketi zilikuwa tatu. Na Sevil, alisema kwa sauti ya chini, hajakariri hata mstari mmoja tangu azaliwe.

Tulifika Shiling saa sita na dakika chache. Njoki nilijua nitampata kwa Bibi Liang, fundi mkuu wa karakana ndogo nyuma ya mtaa wa vifungo na zipu. Alikuwa amekaa juu ya kiti kirefu, sweta la njano, anakunywa chai.

"Mathe, umekuja na harusi nzima?"

"Njoki, tumefuata mkoba."

"Mkoba upi?"

"Wa Mturuki."

"Mimi sina mkoba wa Mturuki. Niko na wa Mchina. Na niliupata poa, yule msichana karibu alie."

"Ulikuwa wa kuigizia, mwanangu."

"Nani aliniambia? Barto, si wewe ulipanda juu ya viatu kama mwanasiasa ukasema kila mtu afanye kama siku zote? Mimi siku zote nafanya hivi. Nisimame nishushe bei mpaka chini halafu niache? Hiyo ni siku zote ya nani?"

Bartholomeo akakuna kichwa. "Dada, ulitakiwa uigize."

"Na sikuigiza? Huyu mwenyewe alikuwa anarukaruka kwa raha. Nikajua nimeshinda."

Rustem hakuelewa maneno lakini alielewa mambo yanavyokwenda. Akaweka mkono moyoni, akamwinamia Njoki kidogo, akasema neno moja la Kiingereza, tafadhali. Njoki akaweka kikombe chini. Kisha akaelekeza kwa mdomo, kule dirishani.

Mkoba ulikuwa juu ya meza ya Bibi Liang, vipande kumi na kimoja. Huku bitana ya kijani, huku mikono, huku kifuniko, huku pande mbili za tumbo zimelazwa kama samaki aliyepasuliwa. Nilipaswa kujua. Shiling sampuli haitazamwi, inafumuliwa. Usipoifumua hujui imekatwaje, na usipojua imekatwaje unatengeneza takataka. Kila mfanyabiashara anajua hivyo, nami sikumwambia Rustem njiani kwa sababu nilikuwa naomba gari liishinde mikono ya Bibi Liang.

Sevil alivua miwani. Orhan aliiweka kamera sakafuni taratibu. Rustem aliweka kiganja juu ya vipande, akakaa hivyo, na mimi kwa mara ya kwanza katika biashara yangu niliona haya mbele ya mteja.

Bibi Liang alikuwa mama wa miaka sitini, aproni ya turubai, vidole vya fundi. Alidhani tumekuja kutazama kazi, akaanza kutueleza kwa majivuno, na Bartholomeo, asijue la kufanya, akatafsiri.

"Anasema ameufumua mwenyewe, hakumpa msichana yeyote, kwa sababu umeshonwa kwa mkono na vitu kama hivi haoni tena. Anasema ni kazi ya watu wawili."

Rustem akainua kichwa. "Sema tena."

"Watu wawili. Anasema angalia matundu." Bibi Liang alikuwa amechukua vipande viwili vya tumbo, akaviinua dirishani mwanga ukapita kwenye matundu. "Upande huu matundu yameinama hivi, aliyetoboa ni wa mkono wa kulia. Upande huu yameinama kinyume. Huyu ni wa kushoto."

Rustem alichukua msharasi mezani kwa mkono wa kushoto, akachukua kipande cha ngozi cha kutupwa, akatoboa matundu matano, akakiweka kando ya kile. Hata mimi ambaye si fundi niliona. Yalikuwa yameinama upande mmoja, kama watu wa nyumba moja.

"Alisema ataufumua," akasema. "Alisema ataushona mwenyewe."

Bibi Liang alipoelezwa akatikisa kichwa, akagonga ngozi kwa ukucha. "Anasema hapana," Bartholomeo akatafsiri. "Ngozi iliyoshonwa mara mbili ina matundu ya ziada. Hii imeshonwa mara moja. Kabla ya leo hakuna aliyeigusa."

Miaka thelathini na minane au zaidi mshono ulikaa umefunikwa na bitana, na mama wa watu akaubeba sokoni, na Sevil akaubeba mbele ya Uturuki nzima. Tukasimama. Sijui tungesimama mpaka saa ngapi.

"Sasa," akasema Njoki, "mnalia ama mnashona? Hii ni saa sita na nusu."

Rustem alishtuka kama aliyemwagiwa maji. Kisha nikamwona akibadilika mbele ya macho yangu. Akaanza kusema Kituruki kwa kasi, mikono inaruka, anaonyesha dirisha, meza, kiti, mgongo wake. Orhan akaokota kamera. Sevil akaanza kujichana nywele. Bartholomeo hakujua Kituruki wala hakuhitaji. Hata Bibi Liang alielewa na akamfukuza msichana aliyekuwa kwenye mwanga.

Soko halina kazi tena. Baba hauoni mkoba mezani kwa mtu. Mkoba umechakaa safarini, binti anauliza fundi, wanamwelekeza kwenye karakana ya mgeni asiyejulikana, na mgeni huyo ametupa mgongo, anashona.

Lakini aupate wapi muda? Kushona tumbo lote kwa mkono ni kazi ya siku. Saa tisa gari lilipaswa kuondoka. Rustem akaketi na upande wake. Bibi Liang akamtazama, akatazama saa ya ukutani, akavuta kiti akaketi mbele yake na upande wa pili. Yeye kulia, huyu kushoto, sindano nne, matundu yale yale ya zamani, hivyo hapakuwa na kutoboa upya. Mimi nilipaka uzi nta. Njoki, ambaye mkoba ulikuwa wake kwa halali ya soko, alishikilia vipande visiteleze, na kila dakika kumi alitangaza saa kama kondakta anayetaja vituo.

Walikimbizana, watu wale. Hawakuwa na neno la kuongea hata moja, lakini Bibi Liang akimtangulia matundu matatu anakohoa kidogo, na Rustem anacheka na kuongeza mwendo. Wasichana wa karakana waliacha mashine zao wakaja kutazama, na hakuna aliyewakemea. Saa nane kasoro mikono ya mkoba ilirudi mahali pake. Saa nane na nusu yakabaki matundu kama ishirini, yote ya upande wa Rustem.

"Yatosha," akasema Orhan kwa Kiingereza, neno lake la kwanza nililowahi kulisikia, na Bartholomeo akanidokeza kwamba kanda iliyobaki ni ya dakika kumi na mbili. Kurudia hakuna.

Sisi wote tukabanwa ukutani. Rustem akageuza kiti, mgongo kwa kamera. Orhan alianza na koti, kisha akazunguka polepole mpaka kwenye mikono. Sevil akaingia mlangoni. Na kwa kuwa uso wa Rustem haukuonekana, alikuwa huru kusema, na akasema, kama alivyosema kwa masultani: mstari, na Sevil akaufuatisha, mstari, akaufuatisha. Bartholomeo alinieleza baadaye, alivyoelezwa yeye: fundi, mkoba huu utapona? Ni wa mama yangu. Nimetoka nao mbali.

Kisha sufla akanyamaza.

Nilidhani amesahau, na kweli alikuwa amesahau. Alikuwa amefika matundu ya mwisho. Sindano zilikuwa zinapishana, uzi unalia kidogo ukipita, na mtu yule hakuwa karakana kwa Bibi Liang tena. Kanda inakwenda. Orhan akanitazama mimi, kana kwamba nina la kufanya. Sevil alikuwa amesimama, mdomo umefunguka kidogo, anangoja maneno kama alivyoyangoja maisha yake yote, na hayaji.

Akamtazama mgongoni. Akamtazama mikono. Kisha akapiga hatua mbili, akainama, akaweka kidole chake juu ya uzi, pale fundo linapotakiwa kukazwa, kama unavyomshikia mtu anayefunga furushi. Rustem akafunga fundo juu ya kidole chake. Na Sevil akasema neno moja ambalo hakusomewa na mtu.

"Baba."

Kwao ni neno hilo hilo. Hakuna aliyemhitaji Bartholomeo. Msichana mmoja wa mashine, ambaye hakujua Kituruki wala Kiswahili, alijifuta macho kwa mkono wa sweta.

Saa tisa na dakika kumi tuliwasukumia garini na mkoba wao. Rustem akashusha kioo, akasema na Njoki kupitia Bartholomeo: vipimo viko kwa Bibi Liang, atengeneze mikoba anavyotaka, ila amwahidi upande mmoja uinamie kushoto.

"Mwambie mashine haijui kushoto," akasema Njoki. Kisha akaongeza, "Lakini nitaiuliza."

Garimoshi walilipata. Nilijua hilo mwezi wa nne mwaka uliofuata, niliporudi Guangzhou na mama wa mapokezi akanikabidhi faksi aliyonitunzia tangu Januari, imeanza kufifia. Niliisoma mwenyewe. Rustem aliandika kwamba mkubwa wa kituo aliitazama sehemu ile mara mbili, kisha akataka kujua jina la mwigizaji mwenye mikono ile, alipwe. "Nikamwambia ni mshona matandiko wa Gerede, na amekwisha kulipwa." Tamthilia mpya amepewa yeye, sehemu arobaini, wanaanza majira ya kuchipua. Kikongwe wa Jumatatu ameandika kuuliza kama baba na binti wamekula pamoja. Sevil siku hizi anakariri mistari yake yote, na anakariri na ya wenzake, anamchosha kila mtu.

Chini kabisa kulikuwa na mistari miwili kwa ajili ya Njoki, kwa hiyo nikaipeleka Zhanxi nikamsomea. Alikuwa na mkoba begani, mmoja wa ile mia tatu. Mistari ilisema kwamba picha za mauzo ya asubuhi ile hazikukatwa, zimeonyeshwa zote, na watu wa Istanbul wanauliza yule mama wa sweta la njano anayemshinda Mchina ni nani.

Njoki akanitaka nisome tena. Nikasoma tena. Akaurekebisha mkoba begani.

"Mwandikie," akasema, "umwambie bei bado ilikuwa inashuka. Ni yeye aliniharakisha na zile kelele zake."